Uswisi, Uswidi, Ayalandi au Ureno: Uchague Nchi Ipi Kuelezea Kutoegemea Upande Katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia

Kila msimu wa insha za historia ya dunia unapofika, hukutana na sentensi ileile katika nusu ya karatasi ninazosahihisha: Uswisi haikuvamiwa kwa sababu ilikuwa nchi isiyoegemea upande wowote. Sentensi hiyo inasomeka vizuri, lakini haielezi kitu. Denmaki na Norwe nazo zilikuwa zimetangaza kwamba haziegemei upande, na zilivamiwa tarehe 9 Aprili 1940. Uholanzi, Ubelgiji na Luxembourg zilikuwa zimetangaza vivyo hivyo, na Wajerumani waliingia tarehe 10 Mei mwaka huohuo. Tangazo lilikuwa moja kwa nchi zote hizo. Kilichotofautiana ni kile ambacho jirani mwenye nguvu alikitaka kutoka kwa kila mojawapo, na kile ambacho kila mojawapo ilikuwa tayari kukitoa ili isivamiwe.

Ulinganisho huu unamlenga mwanafunzi, mwalimu, mtayarishaji wa kipindi cha redio au msomaji yeyote anayetaka kulielezea jambo hili kwa mfano wa nchi moja, na amekwama asijue aishike ipi. Nimechukua nchi nne ambazo ardhi yake ya Ulaya ilifika Mei 1945 bila kutawaliwa na jeshi la kigeni: Uswisi, Uswidi, Ayalandi na Ureno. Hispania nimeiacha kwa makusudi, kwa kuwa si ndogo, na kwa kuwa ilipeleka kikosi kizima kupigana upande wa Wajerumani dhidi ya Wasovieti, jambo ambalo linaitoa katika mizani hii.

Kabla ya vigezo, kuna maneno mawili ambayo wasomaji wetu huyachanganya. Kutofungamana na upande wowote, tulikozoea kukusikia katika siasa za nje za Tanzania tangu siku za Mwalimu Nyerere, ni msimamo wa kisiasa wa zama za Vita Baridi. Kutoegemea upande vitani ni hali ya kisheria yenye masharti yaliyoandikwa katika mikataba ya The Hague ya mwaka 1907. Miongoni mwa masharti hayo, nchi isiyoegemea upande hairuhusiwi kupitisha majeshi ya wapiganaji katika ardhi yake, na wanajeshi wa kigeni wanaoingia humo inawapasa kuzuiliwa hadi vita viishe. Haikatazwi, hata hivyo, raia wake kufanya biashara, hata ya silaha. Msomaji akiyashika hayo matatu, atayaona mambo mengi yafuatayo kwa jicho lingine.

Vigezo vya kulinganisha

Vigezo ni sita: nafasi ya nchi kwenye ramani pamoja na uwezo wake wa kujilinda, biashara yake na pande zinazopigana, jinsi ilivyoitii au kuikiuka sheria yenyewe, mlango wake kwa wakimbizi, maisha ya raia nyumbani, na hesabu iliyoletewa baada ya vita. Nchi zote nne zimepitishwa katika vigezo vyote, ingawa si kwa urefu uleule, maana kuna mahali nchi moja ina mengi ya kusemwa na nyingine haina.

Ramani na bunduki

Uswisi ilitambuliwa kimataifa kuwa nchi isiyoegemea upande tangu mwaka 1815. Ufaransa ilipoanguka mnamo Juni 1940, ilijikuta katikati ya Ujerumani, Italia na Ufaransa iliyoshindwa, na kuanzia Novemba 1942 ikawa imezungukwa pande zote. Ilikuwa na watu wapatao milioni 4.2, na mnamo Septemba 1939 iliwaita jeshini karibu wanaume 430,000. Mnamo Mei na Juni 1940 marubani wake waliziangusha ndege kadhaa za Kijerumani zilizoingia katika anga yao, na waliziangusha kwa ndege aina ya Messerschmitt walizokuwa wamezinunua Ujerumani kwenyewe. Tarehe 25 Julai mwaka huohuo, Jenerali Henri Guisan aliwakusanya maofisa wake katika uwanda wa Rütli, kando ya ziwa la Lucerne, akawaeleza kwamba jeshi litajichimbia katika milima ya Alps. Mpango huo unasifiwa sana, lakini maana yake inafaa kutamkwa waziwazi: miji na mashamba ya tambarare, ambako ndiko Waswisi wengi walikoishi, yangeachwa na ulinzi mdogo. Nguvu yake ilikuwa katika tishio la kulipua mahandaki ya reli ya Gotthard na Simplon, ambayo Ujerumani na Italia ziliyahitaji yakiwa mazima.

Uswidi, yenye watu zaidi ya milioni 6, ilibaki peke yake kaskazini baada ya Norwe na Denmaki kutekwa, huku Ufini ikipigana sambamba na Wajerumani kuanzia Juni 1941. Jeshi lake lilikuwa dhaifu mwaka 1940 na lilikuwa limeimarika sana kufikia mwaka 1943. Msomaji aikariri tofauti hiyo, kwa sababu sera ya Uswidi ilibadilika hatua kwa hatua pamoja nayo.

Ayalandi ilikuwa na watu wasiofika milioni 3, jeshi dogo, na bahari. Hofu yake haikuwa Ujerumani peke yake, kwani Uingereza nayo ilikuwa na sababu ya kuingia. Bandari tatu za kijeshi za Cobh, Berehaven na Lough Swilly zilikuwa mikononi mwa Waingereza hadi mwaka 1938, ziliporejeshwa kwa makubaliano kati ya waziri mkuu wa Ayalandi, Éamon de Valera, na mwenzake wa Uingereza, Neville Chamberlain. Bila marejesho hayo nchi isingeweza kujitenga na vita hata kama ingetaka. Kwa upande mwingine, kilichowazuia Wajerumani kuvuka bahari kilikuwa manowari na ndege za Uingereza, na jambo hilo huwa haliwafurahishi Waayalandi wengi wanapoambiwa.

Ureno ilikuwa pembeni kabisa, na Hispania katikati yake na vita. Rais wa baraza lake la mawaziri, António de Oliveira Salazar, aliogopa mambo mawili kwa wakati mmoja: Hispania kujiunga na Hitler, na Waingereza au Wamarekani kujitwalia visiwa vyake vya Azores katika bahari ya Atlantiki. Alikuwa na mkataba wa urafiki na Uingereza wa tangu mwaka 1373, na makoloni kuanzia Cape Verde hadi Timor ambayo hakuwa na namna ya kuyalinda.

Biashara

Hapa ndipo penye mambo mengi, na hapa ndipo mwandishi wa insha anapopaswa kutumia kurasa zake.

Uswidi iliuza madini ya chuma. Katika miaka ya mauzo makubwa, shehena za kwenda Ujerumani zilikaribia tani milioni 10 kwa mwaka, zikipakiwa Luleå wakati wa kiangazi na Narvik, bandari ya Norwe isiyoganda, wakati wa baridi. Uswidi nayo ilipata makaa ya mawe. Pia iliuza beringi, zile gololi za chuma zinazofanya magurudumu na injini zizunguke, kutoka kiwanda cha SKF cha Göteborg. Waingereza nao walizinunua, wakizisafirisha kwa ndege na kwa boti za kasi zilizopenya usiku katikati ya doria za Wajerumani.

Ureno iliuza volframu, madini ya kuimarishia chuma yanayohitajika katika zana za kukatia vyuma na katika risasi za kutoboa vifaru. Bei ilipanda kiasi kwamba katika vijiji vya Beira, kaskazini na katikati ya nchi, watu waliacha mashamba wakaenda kuchokoa miamba kwa sururu. Wajerumani walinunua kwa sababu hawakuwa na pengine pa kuyapata kwa wingi. Waingereza na Wamarekani walinunua sehemu kubwa ili tu Wajerumani wayakose. Methali yetu inasema mshika mawili moja humponyoka. Salazar aliyashika mawili na yote yakabaki mkononi mwake hadi Juni 1944, alipokubali, kwa shinikizo la Washirika, yaani Uingereza, Marekani na wenzao, kupiga marufuku mauzo hayo kabisa.

Swali ni kwamba Ujerumani ililipa kwa kutumia kitu gani, ilhali fedha yake hakuna aliyeitaka. Jibu linapita Bern. Benki Kuu ya Uswisi ilinunua kutoka benki kuu ya Ujerumani dhahabu yenye thamani ya faranga bilioni 1.2 hivi, na faranga za Uswisi zilikuwa fedha ambayo kila muuzaji alikuwa tayari kuipokea. Sehemu kubwa ya dhahabu hiyo ilikuwa imeporwa katika benki kuu za nchi zilizotekwa, zikiwemo Ubelgiji na Uholanzi. Mnyororo huo unastahili kutazamwa kiungo kwa kiungo: dhahabu ya Ubelgiji, nchi ambayo haikuegemea upande na ikavamiwa, inanunuliwa na Uswisi, nchi ambayo haikuegemea upande na ikasalimika, nayo faranga zinalipia volframu ya Ureno, nchi ya tatu ambayo haikuegemea upande. Sijaona mfano unaoonyesha vizuri zaidi kwamba nchi hizi hazikuwa visiwa vinne vilivyotengana.

Ayalandi iliuza ng'ombe na chakula kwa Uingereza, na makumi ya maelfu ya watu wake walivuka kwenda kufanya kazi viwandani au kuvaa sare za jeshi la Uingereza. Kwa Ujerumani haikuuza kitu cha maana. Mwanafunzi asikimbilie kuiita safi kwa sababu hiyo: njia ya kupitishia bidhaa haikuwepo.

Sheria na ukiukaji wake

Katika kigezo hiki hakuna hata moja iliyopita bila doa, ila madoa yenyewe yanatofautiana.

Doa la Uswidi ndilo kubwa na ndilo lililoandikwa kwa uwazi zaidi. Kwa makubaliano ya tarehe 8 Julai 1940, wanajeshi wa Kijerumani walioikalia Norwe waliruhusiwa kwenda likizo na kurudi kwa treni za Uswidi. Katika miaka mitatu, safari za askari mmojammoja zilizidi milioni 2. Mnamo Juni 1941 divisheni nzima ya Jenerali Engelbrecht, yenye silaha zake, ilipitishwa kutoka Norwe kwenda Ufini kushiriki vita dhidi ya Wasovieti, baada ya mvutano mkali ndani ya serikali ya Per Albin Hansson. Hilo mikataba ya The Hague inalikataza bila utata. Makubaliano yalivunjwa mnamo Agosti 1943, wakati Ujerumani ilikuwa imekwisha kushindwa Stalingrad na Uswidi imekwisha kupata silaha. Baada ya hapo Uswidi ilianza kuwafunza maelfu ya Wanorwe kijeshi katika ardhi yake, ikiwaita polisi.

Ureno iliikiuka sheria kwa upande wa pili. Mnamo Oktoba 1943 iliwaruhusu Waingereza kutumia vituo katika visiwa vya Azores kwa ajili ya kuwinda nyambizi za Kijerumani, na sababu iliyotolewa ilikuwa mkataba wa mwaka 1373, uliokuwa na umri wa miaka 570.

Ayalandi ilifanya kimyakimya. Marubani wa Kijerumani walioanguka nchini walizuiliwa katika kambi ya Curragh hadi mwisho wa vita. Wa Washirika, kadiri miaka ilivyosonga, walisindikizwa hadi mpakani wakavuka kwenda Ayalandi ya Kaskazini, iliyokuwa sehemu ya Uingereza. Ndege za Uingereza ziliachiwa njia fupi juu ya kaunti ya Donegal kuelekea Atlantiki. Kwenye miamba ya pwani yaliandikwa kwa mawe meupe maneno ÉIRE, makubwa ya kuonekana kutoka angani, katika vituo zaidi ya 80, na baadaye yakaongezwa nambari ambazo marubani wa Marekani walizitumia kujua walipo. Mapema Juni 1944, karani wa posta ya Blacksod katika kaunti ya Mayo, Maureen Flavin, alisoma kipimahewa na kuona kanieneo ya hewa ikishuka haraka, dalili ya dhoruba. London ilipiga simu kuuliza kama usomaji ule ni sahihi, na ilipothibitishiwa, taarifa hiyo ikawa miongoni mwa zilizomfanya Jenerali Eisenhower kuahirisha uvamizi wa Normandy kutoka tarehe 5 hadi tarehe 6. Nchi iliyojitenga na vita ilikuwa imechangia kupanga siku yake kubwa.

Uswisi ilizingatia maandishi ya sheria kuliko nyingine zote, na bado treni za makaa ya mawe ziliendelea kushuka kwenda Italia kupitia Gotthard, na serikali ilitoa mikopo mikubwa iliyowawezesha Wajerumani kununua mali ya viwanda vya Uswisi, silaha zikiwemo. Biashara ya silaha ya watu binafsi iliruhusiwa na sheria. Mikopo ya serikali ya kuigharimia ni jambo jingine.

Mlango wa wakimbizi

Uswisi inajulikana kwa Msalaba Mwekundu wa Geneva, na ni kweli ilihifadhi watu wapatao 295,000 kwa vipindi mbalimbali, wakiwemo zaidi ya wanajeshi 100,000 waliozuiliwa. Lakini mwaka 1938 ilikubaliana na Ujerumani kwamba pasipoti za Wayahudi wa Kijerumani zigongwe herufi J, na tarehe 13 Agosti 1942, wakati Wayahudi wa Ufaransa na Ubelgiji walipokuwa wakipakiwa katika treni za kwenda kuuawa, ilifunga mpaka. Waziri Eduard von Steiger aliifananisha nchi na mashua ndogo ya uokozi iliyojaa. Tume ya wanahistoria iliyoongozwa na Jean-François Bergier ilihesabu wakimbizi zaidi ya 20,000 waliorudishwa mpakani, idadi ambayo watafiti wengine wanaibishia. Kamanda wa polisi wa St. Gallen, Paul Grüninger, aliyewaingiza wakimbizi kwa kughushi tarehe katika karatasi zao, alifukuzwa kazi mwaka 1939, akafa mwaka 1972 akiwa fukara, na hukumu yake ilifutwa mwaka 1995.

Uswidi ilikuwa kali vivyo hivyo mwanzoni. Badiliko lilikuja Oktoba 1943, Wayahudi wa Denmaki walipoanza kusakwa: Uswidi ilitangaza hadharani kwamba itawapokea, na zaidi ya 7,000 walivushwa mlangobahari wa Øresund kwa boti za wavuvi. Mwaka 1944 mjumbe wake Raoul Wallenberg aligawa hati za ulinzi kwa maelfu ya Wayahudi wa Budapest, kabla ya kuchukuliwa na Wasovieti mnamo Januari 1945 asionekane tena. Miezi ya mwisho ya vita, mabasi yaliyopakwa rangi nyeupe, chini ya uongozi wa Folke Bernadotte, yalitoa katika kambi za Wajerumani wafungwa wapatao 15,000.

Ureno ilikuwa lango la kutokea. Lisbon ilijaa watu waliosubiri meli ya kwenda Amerika, wakikaa mikahawani siku nzima na vibali vyao mfukoni, na kwenye meza ya jirani wakiwa wapelelezi wa pande zote. Wengi wao walifika kwa sababu balozi mdogo wa Ureno mjini Bordeaux, Aristides de Sousa Mendes, aliwagongea viza Juni 1940 kinyume cha amri ya Salazar. Aliondolewa kazini na akafa maskini mwaka 1954. Msomaji ataona kwamba Grüninger na Sousa Mendes wana hadithi moja: serikali zao zilikuja kujivunia walichokifanya baada ya wenyewe kuwa kaburini.

Kuhusu Ayalandi hakuna mengi. Ilipokea wakimbizi wa Kiyahudi wachache mno, na kigezo hiki ndicho kinachoiweka mahali pabaya kuliko vingine vyote.

Maisha ya raia

Mjini Zürich, uwanja ulio mbele ya jumba la opera ulilimwa ukapandwa viazi. Ulikuwa sehemu ya mpango wa Friedrich Traugott Wahlen wa kugeuza bustani, viwanja vya michezo na malisho kuwa mashamba. Mkate uliingia katika kadi za mgao mwaka 1942, ila viazi havikuwahi kuingia. Uswidi ilikosa petroli, na magari yakafungiwa mitungi ya kuchomea kuni na mkaa, gesi yake ikiendesha injini.

Waayalandi hawakuvisema vita kwa jina. Kipindi chote kiliitwa "Dharura". Mgao wa chai ulishuka hadi nusu aunsi kwa mtu kwa wiki, yaani gramu 14 hivi, kiasi ambacho nyumba nyingi za kwetu hukimaliza katika birika moja la asubuhi. Gesi ya kupikia mjini Dublin ilifunguliwa kwa saa maalumu, lakini masalia yake kwenye mabomba yaliweza kutoa moto hafifu saa zisizoruhusiwa. Kampuni ilituma wakaguzi waliogonga mlango, wakaingia jikoni na kugusa jiko kwa mkono kuona kama lina joto, na watu wakawapa jina la utani lililotokana na moto ule. Ni maelezo madogo, lakini kwa mtayarishaji wa kipindi yana thamani kuliko hotuba kumi.

Ureno ilipata fedha nyingi, na bado watu wa kawaida walipanga foleni za chakula. Migomo ya wafanyakazi ya miaka ya 1942 hadi 1944 ilizimwa kwa nguvu.

Mabomu nayo hayakusoma tangazo la mtu. Tarehe 31 Mei 1941 ndege za Kijerumani ziliua watu 28 katika eneo la North Strand, Dublin. Tarehe 1 Aprili 1944 ndege za Kimarekani, zikidhani ziko juu ya Ujerumani, ziliua watu 40 mjini Schaffhausen, Uswisi.

Kuna raia wengine ambao insha nyingi huwasahau, nao ni wa makoloni. Kati ya nchi hizi nne, Ureno pekee ilikuwa nayo. Wajapani waliivamia Timor ya Kireno mnamo Februari 1942, baada ya wanajeshi wa Australia na Uholanzi kutua humo bila idhini ya Ureno, na makadirio ya Watimor waliokufa kwa mapigano, njaa na maradhi yanaanzia watu 40,000. Karibu na kwetu, Msumbiji ilibaki nje ya vita. Mnamo Julai 1942, katika bandari ya Lourenço Marques, ambayo leo ni Maputo, meli ya Kiswidi Gripsholm iliyotoka New York ikiwa na Wajapani ilikutana na meli zilizowaleta Wamarekani na wengine kutoka Asia, na watu wapatao 1,500 wa kila upande wakabadilishana nafasi. Meli ya nchi moja isiyoegemea upande, katika bandari ya nyingine: bila nchi kama hizo watu wale wasingekuwa na pa kukutania.

Hesabu baada ya vita

Uswisi ilikubali mwaka 1946 kulipa faranga milioni 250 kwa Washirika kuhusu ile dhahabu, ikadhani shauri limekwisha. Lilifufuka miaka ya 1990, benki zake kubwa zikakubali mwaka 1998 kulipa dola bilioni 1.25 kwa madai ya waathirika na warithi wao. Ilijiunga na Umoja wa Mataifa mwaka 2002 tu.

Uswidi ilijiunga mwaka 1946. Mwaka huohuo iliwakabidhi kwa Wasovieti wanajeshi 146 wa nchi za Baltiki waliokuwa wamekimbilia kwake wakiwa na sare za Kijerumani, uamuzi unaobishaniwa hadi leo. Mnamo Machi 2024 iliingia NATO na kufunga ukurasa wa karne mbili.

De Valera alikwenda tarehe 2 Mei 1945 kumpa pole balozi wa Ujerumani kwa kifo cha Hitler. Kwake ilikuwa itifaki. Kwa wengi ilikuwa fedheha, na Salazar, aliyeamuru bendera zipepee nusu mlingoti, hakuandamwa hata nusu ya hivyo. Ayalandi na Ureno zote zilisubiri hadi mwaka 1955 kuingia Umoja wa Mataifa. Ayalandi iliwawekea vikwazo vya ajira askari wake wapatao 5,000 waliotoroka kwenda kupigana upande wa Uingereza, na iliwasamehe rasmi mwaka 2013, walipobaki wachache sana.

Ureno, kwa sababu ya Azores, ilikaribishwa kuwa mwasisi wa NATO mwaka 1949 ikiwa bado udikteta. Utawala ule uliosalimika vitani ulidumu hadi tarehe 25 Aprili 1974, na wasomaji wa Nachingwea na Kongwa, ambako wapiganaji wa Frelimo wa Msumbiji walipiga kambi, wanajua kilichofuata upande wa pili wa Ruvuma.

Nani achague ipi

Anayeandika kuhusu fedha, benki na uwajibikaji wa baadaye achukue Uswisi. Ripoti ya mwisho ya Tume ya Bergier inapatikana pia kwa Kiingereza, jambo linalorahisisha kazi. Tahadhari yake ni kwamba mfano huu umechoka. Anayeuchukua aanze na dhahabu au mpaka wa 1942, asianze na milima.

Anayetaka kuonyesha jinsi sera inavyobadilika kadiri vita vinavyogeuka, achukue Uswidi. Mstari unaotoka kwenye treni za mwaka 1940 hadi boti za Øresund za mwaka 1943 unaonekana wazi, na hata mwanafunzi wa kidato cha sita anaweza kuufuata. Ugumu ni kwamba vyanzo vingi vya undani ni vya Kiswidi.

Ayalandi inamfaa anayefundisha kuhusu nchi iliyotoka ukoloni karibuni na inayotumia kujitenga na vita kuthibitisha kwamba imejitawala. Kwa darasa la Afrika Mashariki mfano huu hueleweka haraka kuliko mingine, na mijadala ya bunge la Dublin inasomeka mtandaoni kwa Kiingereza. Haimfai anayetaka kuzungumzia wakimbizi, kwa kuwa atamaliza baada ya aya moja.

Ureno imfae anayeunganisha Ulaya na makoloni, au anayependa kuonyesha kwamba kusalimika kwa nchi na kusalimika kwa watu wake ni mambo mawili. Kwa mtafiti anayesoma Kireno, au mwenye njia ya kufika kwenye nyaraka za Maputo, ningeiweka mbele ya zote.

Na kwa yule ambaye swali lake ni kwa nini wengine walivamiwa, hakuna hata moja kati ya hizi nne inayotosha peke yake. Huyo aziweke Norwe na Uswidi bega kwa bega. Madini yaliyotakiwa yalikuwa yaleyale, yakitoka Kiruna kwa reli moja. Uswidi ilikuwa na mgodi, na ingeweza kuulipua au kuuza ulichozalisha. Norwe ilikuwa na bandari ya Narvik na pwani ndefu ambayo Waingereza na Wajerumani wote waliitaka, na bandari haiuzwi kwa tani.